Ubeti wa Pili wa Lado

Hai Cinema, Juba

Dada yangu Nafula,

Kwanza niambie, mguu wa mama umepona? Na wanao wameacha kukohoa? Mimi nimeinuka juzi tu kutoka kwa malaria, ndio nimeanza kula vizuri.

Kwenye simu ulinipongeza kwa ule wimbo wa filamu, ukasema hata huko vijana wanauimba. Nilipokata simu ulidhani laini imekatika. Haikukatika, dada. Niliikata mimi.

Aliyeuimba ni Lado, kijana wa hapa aliyekulia Nairobi wakati wa vita akarudi baada ya amani. Filamu inahusu watu kama yeye, waliorudi, na mimi niliajiriwa kurekodi sauti. Akaleta wimbo wa kufokafoka, wa rap. Ubeti wa pili ulisimulia kiwanja cha marehemu babake kule Gurei, pembeni mwa Juba, kilichonyakuliwa na afisa mmoja wa jeshi. Hakumtaja jina, ila alitaja Gurei na lango jekundu ambalo afisa huyo alilijenga hapo kiwanjani.

Siku ya kumaliza alivua hedifoni. "Buda, hapo pa lango tupatoe. Huyo jamaa ni mnoma, hana huruma, na mathe wangu bado anaishi karibu naye."

Nikamwambia, "Ukipatoa, wimbo umekufa."

Akacheka, akaniamini. Nafula, nilikuwa nawaza wimbo. Mtu sikumwaza.

Wimbo ulitoka kabla ya filamu. Redio ziliupiga, waendesha boda boda wakauweka kwenye simu zao, na watoto wa Gurei wakawa wanaenda kuuimba mbele ya lango lenyewe. Kisha mchana mmoja wanaume watatu wenye buti za jeshi walimkuta Lado sokoni Konyo Konyo, akinunua makaa na mamake. Walimpiga kwa vitako vya bunduki, watu wakitazama. Taya lilivunjika, kichwa kikavimba. Hospitalini hakuweza kusema neno. Nilikaa pale na mamake, nikamweleza yote, hata yale aliyoniomba Lado nikakataa. Akageuka, akaendelea kumpanguza Lado uso. Siku ya nne Lado akafa.

Baada ya mazishi nilimsindikiza mama huyo polisi. Kabla hatujaketi, simu ya askari ikalia: sauti ya Lado, ubeti ule ule. Askari akaizima haraka, akainamisha macho.

"Wimbo haujataja mtu," akasema. "Nani atamtaja?"

Mama Lado akatikisa kichwa. Ana mabinti wawili nyumbani. Basi nikamtaja mimi, jina na cheo kama Lado alivyoniambia, nikatia sahihi kwenye karatasi ya malalamiko.

Nje nilimwambia, "Mama, nimefanya nilichoweza."

Akanitazama mara ya kwanza tangu hospitalini. "Leo wewe iko na mdomo," akasema. "Siku ile Lado alikuomba, masikio yako ilikuwa wapi?"

Akaondoka peke yake kwa miguu.

Mwajiri wangu anataka nipande ndege nirudi nyumbani wiki hii, kwa usalama wangu. Nimekataa. Askari alisema nitaitwa kutoa ushahidi, na nikiondoka ile karatasi itabaki haina mtu. Sijui nitaitwa na nani kwanza, polisi au wale wenye buti.

Usimsomee mama barua hii. Mwambie kazi imenibana, Krismasi sitafika. Msalimie shemeji, na mjomba fundi cherehani, na yule shangazi yetu wa kanisani. Yeye mwambie aniombee, bila kumweleza sababu.

Ni mimi mdogo wako,
Wekesa