Giza la Jikoni

Hewa Bora, Lubumbashi

Kwako Yaya Lydie, Kalemie,

Kwa heshima zote, natangazia ukoo mzima kwamba tumbo limeshinda: lile shati la njano ulilonishonea halifungiki tena. Baada ya msiba huo, nakusalimu. Shemeji na watoto wanaamkaje? Na goti lako, au bado unalitumia kukwepa misa ya asubuhi?

Sisi tuko wazima. Wewe unanijua kama mpiga video wa arusi, yule anayemulika bibi arusi mpaka sufuria za bukari nyuma yake zinang'aa. Sasa, usicheke, nimeshika kamera ya filme ya kutisha. Mke, anayechezwa na Bénie, anagundua polepole kwamba muuaji ni bwana yake. Huyo bwana nilimpa mwanga wa njano, ule wa taa ya nyumbani, ili watu wampende. Jirani asiye na kosa nikampaka kijani cha neon, wamwogope bure. Halafu jikoni, mke anapojua yote, nilitaka njano ibaki kwenye mikono ya bwana tu, uso umezwe na giza.

Shida ni kwamba bwana huyo anachezwa na Damien, mfanyabiashara wa jumla kutoka Butembo, naye ndiye aliyelipia filme. Na hapa kwetu mwenye kulipia picha lazima aonekane. Aliniuliza: «Mon cher, uko natengeneza filme ao uko nazika muntu?» Akaamuru taa zote ziwake. Jikoni pakawa kama ukumbi wa sherehe, hata Bénie akashindwa kuogopa.

Tukarudia. Katikati, taa kubwa zikazimika, ikabaki ile ndogo ya betri mezani. Damien akaendelea kusema maneno yake ya mapenzi, mikono tu ikionekana, bila uso. Bénie akarudi nyuma hadi ukutani, na kilio chake hakikuwa cha kuigiza. Wote wakashukuru umeme kukatika.

Jana Damien alitaka turudie kwa mwanga, eti wateja wake hawatamtambua. Bénie akakataa kuingia tena jikoni mle. Nami nikamwambia Damien ninalokuambia wewe pia: umeme haukukatika. Nilichomoa waya kwa mkono wangu, nikiwa na akili timamu, na kesho ningechomoa tena. Akasema basi jina langu litafutwa kwenye filme. Nikamjibu afute, ila giza langu asiliguse. Akakubali yote mawili.

Shemeji umsalimie, na watoto uwabusu kwa niaba yangu. Filme ikifika huko, usihangaike kutafuta jina. Ukiogopa jikoni, ujue ni mimi.

Mdogo wako,
Paulin