Jina Lisilo na Mwenyewe

Jumapili, Novemba, Saint-Josse.

Mvua ya leo ni ile ya hapa Brussels, hainyeshi sawasawa na haikatiki. Alasiri haijaisha na taa nimeshaziwasha zote, hata ya korido. Mume wangu Dido na mama yake wameenda kanisani Molenbeek, na ibada yao ninaijua, ikiisha kuna kusalimiana, kuna wali, kuna habari za Bukavu mpaka chai ipoe. Mimi nimebaki na mtoto kwa sababu ana mafua. Nyumba imetulia mno leo, na mimi utulivu siupendi.

Nilipoandika hapa mara ya mwisho nilikuwa na tumbo la kuegemea meza. Sasa mtoto amezaliwa. Anaitwa Rowan. Watu wananiuliza ni wa kike au wa kiume, na raha moja ya Kiswahili ni kwamba naweza kuandika ukurasa mzima bila kuwajibu.

Acha nieleze nilivyolichagua jina hilo, kwa sababu leo nahitaji kulielewa mwenyewe.

Mimi ni wa Kigoma, mume wangu ni wa Bukavu. Kwenye ramani ni karibu, lakini kwao kuna mambo ambayo mpaka leo najifunza. Kwao mtoto akipewa jina la marehemu, ni kama huyo marehemu amerudi nyumbani. Nimewahi kumwona mama wa makamo akimpisha mtoto wa chekechea kwenye kochi zuri, akimwita "papa", kwa kuwa mtoto yule ana jina la baba yake mzazi. Nilicheka nikafikiri ni utani. Nilikuwa nimecheka peke yangu.

Dido alikuwa na dada anaitwa Amani. Alifariki akiwa bado msichana mdogo, kwa homa, miaka ile ya vita na kukimbiakimbia. Mama yao, ambaye sote tunamwita Maman, alimzika huko njiani na moyoni hajamzika mpaka leo. Amani ni jina lisilobagua, ukimpa wa kike sawa, ukimpa wa kiume sawa. Kwa hiyo limetembea kwenye ukoo. Kaka yake Dido alimpa mwanawe wa kiume, binamu yao akampa binti yake.

Wote wawili walifariki kabla hawajatembea.

Mwingine angesema basi, jina hilo tuliache lipumzike. Maman alisema Amani bado anatafuta pa kukaa. Alisema hivyo taratibu, akimenya viazi, huku akiliangalia tumbo langu.

Mimi si mtu wa mambo hayo. Nafanya kazi mapokezi kwa daktari wa meno, nashinda na kompyuta na watu waliovimba mashavu, sina muda wa mizimu. Lakini shajara ni yangu, acha niseme ukweli. Niliogopa. Niliogopa mpaka nikawa nalala nimelikumbatia tumbo kwa mikono miwili, kama mtu anayelinda mzigo wake kwenye kituo cha mabasi.

Ndipo nikaanza kutafuta jina lisilo na mwenyewe. Majina yetu yote yana wenyewe. Baraka kuna marehemu Baraka, Neema kuna marehemu Neema, Furaha wako wawili. Hata ya kizungu ya kanisani wameyamaliza, kila Joseph ana Joseph wake kaburini. Nilitaka jina la Kiingereza, kwa sababu kwenye ukoo wa Dido hakuna mtu aliyewahi kuishi kwa Kiingereza. Na nilitaka liwe la kike na la kiume kwa pamoja, kwa hesabu yangu mwenyewe ya kijinga. Marehemu mwanamume akija kulidai atasita, hili huenda ni la mwanamke. Marehemu mwanamke naye atasita vilevile. Wabaki wanasita hapo mlangoni na mwanangu anakua.

Rowan lilitimiza yote. Ni jina la mti wenye matunda mekundu madogo, na wengine wanasema maana yake ni mwekundu mdogo. Mti wenyewe upo hapa mtaani, Wafaransa wanauita sorbier, ndege weusi wanaudonoa mpaka unabaki matawi. Zamani Waingereza waliupanda mbele ya nyumba ili wachawi na waliokufa wasipite. Niliposoma hapo nikaona nimepata jina na askari wa getini. Waliupanda pia makaburini, ili walio chini wasiinuke. Hilo sikumwambia Dido.

Na linavutia mdomoni. Linaanza kama mtu anayetaka kuimba, linamalizika kabla hujajua ataimba nini. Komuni, kwenye ofisi ya manispaa, waliliandika bila kuuliza neno. Dido alilipenda siku ileile. Maman hakugomba. Ila hakulitamka. Kwake mtoto alikuwa "mutoto", wiki zote hizo, "letea mutoto", "funika mutoto", na mimi nikajifanya sioni.

Kisha kilio kikaanza.

Kilikuja kila alasiri, giza linapoanza kushuka kwenye paa za jirani. Mtoto analia mpaka sauti inakwaruza. Daktari alisema ni gesi, itapita. Nikampaka mafuta, nikamkanda, nikambeba mgongoni, nikamtembeza sebuleni, nikamwogesha kwa maji ya uvuguvugu. Nikachoka kiasi kwamba siku moja niliitikia simu yangu kwa salamu za mapokezi, na niko likizo.

Alhamisi Maman alivua miwani yake, akaiweka juu ya televisheni, akanyoosha mikono.

"Eliza, nipe ye. Mutoto akilia ivi, iko anaomba jina yake. Acha tumuulize."

Nilikuwa nimechoka kupita kiasi cha kubishana. Nikampa. Akakaa kwenye kiti cha mikono, akamlaza mapajani uso juu, akaanza kuwaita marehemu mmoja mmoja. Hakuimba wala kuomba. Aliuliza tu, ndiyo wewe, kama anayeuliza nani amegonga mlango.

"Koko Birindwa, njo weye? Bon. Koko Nabintu? Tonton Deo, njo weye?"

Kila jina akangoja kidogo. Mtoto akalia. Akamaliza mababu na mabibi, akapita wajomba, mashangazi, mchungaji mmoja, mpaka jirani yao wa zamani ambaye alikuwa na roho nzuri. Mtoto akalia. Nikajua anakusanya nguvu, maana jina lililomleta lilikuwa bado halijatajwa.

"Amani," akasema, na sauti ikamgeuka. "Amani, mwana wangu. Njo weye?"

Mtoto alilia zaidi, akakunja miguu, akawa mwekundu mpaka masikioni. Maman akaita tena. Akaita mara ya tatu, kwa ile sauti ya mama anayemwita mtoto aje kula. Halafu machozi yakamtiririka hadi kidevuni, na hakuyafuta kwa sababu mikono ilikuwa imemshika mtoto.

Moyo uliniuma kwa ajili yake, nakiri. Na hapohapo nilifurahi. Mambo hayo mawili yalikaa ndani yangu kwa wakati mmoja na sikuona aibu.

Nikainuka nikamchukua mwanangu. Nikamwambia vile mama yeyote anavyosema, bila kufikiri, "Basi, Rowan. Basi, Rowan."

Akanyamaza.

Hakunyamaza polepole. Alikatika katikati ya kilio, mdomo bado wazi, akavuta kwikwi moja, akageuza shingo upande wa kushoto. Nikatabasamu. Nikamwambia Maman, kwa ushindi ambao sasa natamani niurudishe mfukoni, "Unaona? Analijua jina lake."

Maman hakutabasamu. Alivaa miwani yake, akanitazama.

"Rowan njo nani?"

"Si mtu, Maman. Ni jina la mti."

"Mutoto haitikake jina ya bure. Ameitika. Donc kuko muntu. Alikufia wapi? Batu yake beko wapi?"

Ndipo nikaielewa vizuri mila yenyewe. Mtoto akinyamaza kwa jina, mwenye jina amepatikana. Na mwenye jina siku zote ni marehemu. Mimi nilidhani nimekwepa mtihani, kumbe nimeufanya na nimefaulu vibaya.

Dido aliporudi kutoka kazini, maana yeye anatengeneza lifti na hurudi amechoka na mwenye mzaha, alicheka mpaka akaketi. "Maman, non. Alors kila mutoto wa Bruxelles mwenye jina ya kizungu iko na muzimu?"

"Ba bengine sijue," Maman alimjibu. "Uyu wetu nimeona na macho yangu. Amani alikuya. Akakuta pahali iko muntu."

Dido hakucheka tena. Alienda kunawa mikono, akanawa sana.

Ijumaa nilifanya jaribio. Mimi ni mtu wa kujaribu. Mtoto alipoanza kulia nikamwita majina mengine ya aina hiyohiyo, ya kike na kiume, ya Kiingereza. Robin. Morgan. Jordan. Avery. Nilijiona mwendawazimu, nimesimama katikati ya sebule na kitambaa cha matapishi begani nasoma mahudhurio ya darasa la Uingereza. Akalia kwa wote. Nikasema Rowan kwa sauti ileile, wala sikuipamba. Akakatika, kwikwi moja, shingo kushoto.

Kushoto, ingawa mimi nilikuwa nimesimama upande wake wa kulia.

Maman ameshabadilika. Sasa analitamka jina, tena kwa adabu, kama unavyotamka jina la mgeni ambaye hujui alikotoka na hutaki kumuudhi. Jana asubuhi nilimsikia akimwambia mtoto, au akiongea karibu na mtoto, "Rowan, sisi hatujue kwenu. Lakini umeshafika. Kaa muzuri na uyu mutoto, usimuchoshe." Halafu akageuka akaniuliza swali la kawaida kabisa, jina nililitoa wapi. "Eliza, weye jina hii uliitosha wapi?"

Nikamwambia nililisoma kwenye simu. Nilikuwa natafuta maana za majina.

Lakini usiku uliopita nimelifikiria jibu hilo na limenikaa vibaya. Kweli niliisoma maana yake kwenye simu. Naikumbuka hata siku yenyewe, nilikuwa ndani ya basi linaloteremka Chaussée d'Ixelles, miguu imevimba, nimepewa kiti na mwanafunzi. Nilifungua pale pa kutafutia nikaandika Rowan, maana yake. Niliandika mwenyewe, kwa kidole changu, jina zima. Sasa mtu anawezaje kutafuta maana ya jina ambalo bado hajalisikia? Lilikuwa limeshafika kwangu kabla sijalitafuta. Nimejikamua kichwa, sikumbuki mgonjwa yeyote pale kazini, sikumbuki jirani, sikumbuki mtangazaji. Nakumbuka tu kwamba nililijua.

Nilidhani nimelichagua. Na anayechagua ana raha yake, anajiona bwana. Hiyo raha imeniisha.

Basi leo, walipoondoka kwenda kanisani, nimejiwekea ahadi. Sitalitaja jina mchana kutwa. Nitamwita mwanangu, mpenzi, kipenzi, chochote. Akilia nitambembeleza kama wanavyobembelezwa watoto wote duniani, na atanyamaza kwa ajili yangu, kwa harufu yangu, kwa maziwa yangu. Nilitaka nione kama ni wangu hata bila jina.

Kilio kimeanza giza lilipoanza. Nikambeba, nikaimba, nikazunguka. Kidogo akapungua, nikajipa moyo. Nikamlaza kwenye kitanda chake chumbani, nikaenda jikoni kupasha maji. Mlango nimeuacha wazi. Nikawa namsikia analia, sauti inapanda, ikapanda tena.

Ikakatika. Kwikwi moja.

Nilisimama na sufuria mkononi. Mimi sikuwa nimesema kitu. Hapakuwa na redio, na jirani wa chini yuko kwa mwanawe Liège.

Nikaenda taratibu mpaka mlangoni. Mtoto yuko chali, ametulia, shingo ameigeuza kushoto, upande wa dirisha ambako hakuna kitu ila pazia na unyevu kwenye kioo. Macho yalikuwa wazi, yamemkazia mtu. Mtoto wa umri huu macho yake huzurura, hayana pa kushika. Haya yalikuwa yameshika.

Kisha akatabasamu.

Hajawahi kutabasamu. Nimelingoja tabasamu hilo tangu azaliwe, nimeinama juu ya uso wake asubuhi na jioni nikijichekesha kama zuzu, nikimwambia Dido likija atapigiwa simu hata akiwa juu ya lifti. Limekuja leo, pana, la ufizi mtupu, na halikuwa langu.

Ahadi nimeivunja hapohapo. Nimesema "Rowan". Nimesema kwa nguvu, kisha kwa upole, kisha kama ninayeomba.

Hakugeuka.

Sijampigia simu Dido. Maman akirudi nitampokea koti, nitamtilia chai, halafu nitamwomba jambo ambalo sikudhani ningemwomba katika maisha yangu, anifundishe maneno ya kusema na waliokufa. Tutumie lugha gani na mtu huyo, sijui. Kiingereza changu ni cha shule, na Maman hana kabisa. Lakini nitamwambia huyo mwenye jina kwamba mtoto huyu ana mama, na mama yake yuko hapa, na asiende naye popote.

Kwa sasa nimeburuta kiti nimekiweka kati ya kitanda na dirisha. Ninaandika nikiwa nimeketi hapo, mgongo wangu kwenye pazia, nimeziba njia kwa upana wangu wote.

Mtoto anachungulia kando ya bega langu.