Kijiji cha Baba Kirudishwe Mahali Pake

Tabora, msimu wa vumbi

Lugano, mjukuu wangu,

Ugonile, mwanangu. Umeamkaje, na baba yako ameamkaje, na ng'ombe wake? Usinijibu kwamba wote wazima kama ulivyofanya mara ya mwisho. Nitajie ng'ombe mmoja mmoja. Mimi nipo. Goti linauma, ila meno ya kukugombeza bado ninayo.

Shangazi yako Subilaga ananitunza vizuri. Mumewe yuko kwenye reli ya Wadachi, hurudi jioni mweusi kama chungu kilichokaa motoni. Ndizi za kupika ni shida. Zile wanazouza sokoni, kwetu tungewapa mbuzi. Kuandika nimejifunza hapa, uzeeni, tena kwa Kiswahili, maana mwalimu wa huku Kinyakyusa hakijui. Kwa hiyo usinichekee herufi.

Sasa barua yako. Unasema babu yako Ambilikile, mdogo wangu wa tumbo moja, kifua hakimpi usingizi, na ameagiza akifa azikwe amevingirishwa lile gome lake la mti alilolichora kwa kuwa halina kazi nyingine. Nilipofika hapo niliacha kusoma, nikatoka nje.

Wewe umemkuta mzee, unadhani ni mwehu wa magome. Si hivyo. Kwetu mvulana akifika umri wa kutolala tena kwa baba yake, yeye na wenzake wa rika wanajenga kijiji chao, na humo wanazeeka. Mtu haulizwi ana miaka mingapi, anaulizwa amejenga wapi. Hilo kila mtu analijua. Lakini babu yako peke yake ndiye aliyeona kwamba ukivichora vijiji kwa kufuatana, umeichora miaka. Akatandika gome, akaanza. Alikwenda Makwale, Ndandalo, mpaka kwa akina mama wafinyanzi wa ufukweni, akiuliza: ng'ombe walipokufa kwa tauni, nani alikuwa amejenga? Nzige walipokuja? Meli ya chuma ilipoonekana ziwani mara ya kwanza? Kila jambo akalichora kando ya kijiji chake kwa udongo mwekundu. Mkewe alilima peke yake miaka hiyo, na mimi nilimwita mdogo wangu mvivu mbele ya watu. Hilo nalijutia, lakini si kubwa.

Kubwa ni hili. Wazazi walikuwa wamekufa, aliyebaki wa kujua ni mimi, akaja kuniuliza kama Wangoni waliposhuka kutuvamia baba na wenzake walikuwa wamekwisha kujenga. Nikamjibu walikuwa watoto, wanachunga ndama, wanalala kwa baba zao. Akanishukuru, ndaga fijo, akaenda kuchora.

Baada ya siku chache akarudi. Hakukaa. Akasema mambo hayakubaliani: kwa gome lake, mimi niliyezaliwa kabla ya Wangoni nilizaliwa baba akiwa bado mchunga ndama. Ningeweza kusema kweli siku ile. Badala yake nilisimama nikamwambia, "Kumbe umekuja kunieleza kwamba mama yetu alinizaa na mwanamume mwingine?"

Akainamisha kichwa. Hakuniuliza tena.

Tangu hapo akawa anafuta na kuchora, mara tatu kwa gome jipya, akisogeza vijiji vya watu wengine ili vifuate uongo wangu. Mwalimu wa misheni alitaka kulinakili lote kwenye daftari. Alipofika kwa baba yetu akacheka, akasema ni mambo ya wazee wa pombe, akafunga daftari lake. Vijana wakampa babu yako jina, Mwenye Baba Mdogo. Na mimi nilicheka nao, Lugano. Nilicheka.

Kweli ni hii. Wangoni waliposhuka, baba na wenzake walikuwa wanaume wenye wake na mikuki. Hawakupigana. Waliwaacha wazee na ng'ombe, wakakimbilia kwenye matete ya ziwa. Mimi nilikuwa nang'oka meno ya mbele ya utoto, mambo yote nayakumbuka. Sikutaka baba achorwe kando ya siku ile, kila apitaye aulize walifanya nini. Lakini baba alikimbia kwa sababu yangu. Mkuki aliutupa apate mkono wa kunibebea. Hilo sikumwambia hata mume wangu.

Kwa hiyo nenda leo. Usimwite pembeni, wakusanye waliomcheka, na mwalimu aje akikubali. Wasomee barua hii kwa Kinyakyusa, yote, na pale niliposema nilicheka usiparuke. Kisha mpe udongo mwekundu, akirudishe mwenyewe kijiji cha baba kabla ya Wangoni. Mkono ukitetemeka, mshikie. Kosa lilikuwa langu, si la gome.

Nisalimie baba yako, na mama yako mwenye mdomo kama wangu. Mke wa babu yako msalimie kwa kupiga magoti, useme nimekutuma mimi.

Na kama umechelewa, umekuta wamekwisha kumzika nalo, soma vilevile, kaburini, kwa sauti. Halafu niandikie ilivyokuwa. Usinifiche kwa kudhani unanihurumia.

Ni mimi, bibi yako,
Tupokigwe