Maji ya Kumbatizia Mama Mkwe

Jumapili, 12 Januari 2025
Mama mkwe kaamua! Miaka themanini na mmoja, Mkatoliki tangu utotoni, sasa anataka kuzamishwa kama sisi Wasabato. Nimelia kwa furaha. Ila ana sharti: Mto Gucha tu, bwawani chini ya shamba letu. Pasta akamwambia mjini Keroka kuna birika la ubatizo la kanisa, safi, lina hata ngazi. Mama akajibu yeye si sufuria, haoshwi kwenye sinki.

Jumatatu, 13 Januari
Nimeshuka kupima. Magotini! Mama anasema alipoolewa palikuwa na kinu cha maji hapo, kikisaga wimbi mchana kutwa, na fisi maji wakivua samaki. Nani kayanywa maji hayo? Mikaratusi yangu. Kumi na miwili, niliipanda mwenyewe 2009 kwenye chemchemi inayolisha bwawa, tena nikijisifu. Mama hajanilaumu hata kwa jicho. Hilo ndilo linaloniuma.

Alhamisi, 16 Januari
Mume wangu Mokua alinuna kwanza — miti hiyo alishaihesabu kuwa paa la nyumba mpya. Kisha akaenda mwenyewe kuazima msumeno. Mungu amenipa mume! Yote imelala chini.

Jumanne, 18 Februari
Aibu. Visiki tuliviacha, eti vitatupa kuni baadaye. Vimechipua, na bwawa ni lile lile. Leo tumeshinda tukimenya magome na kuvifukia. Mama kaketi kando, ananicheka: “Mama Job, mti huo si kuku! Ukiukata shingo haufi.”

Jumatano, 12 Machi
Mvua bado. Lakini chemchemi inasikika! Maji yamepanda shibiri nzima juu ya goti langu. Asante, Bwana. Asante, asante.

Jumamosi, 29 Machi — Sabato
Naandika ukingoni, nyuma ya ratiba ya ibada ya ubatizo. Pasta kapima kwa fimbo: mapajani tu. Anasema hapa atamwangusha bibi wa watu avunjike mgongo — tungoje mvua, au twende Keroka. Mimi nimeinamisha kichwa, kosa ni langu.

Mama huyo! Kaingia na joho lake, kafika katikati, kaketi chini matopeni. Maji mabegani!

“Pasta, mimi nimefika. Sasa ni wewe.”

Mokua yuko majini na viatu vyake, kamshika mgongo. Pasta anavua saa —