Mama wa Ghorofa ya Kumi na Moja

Kaka yangu mpendwa,

Shikamoo. Ni matumaini yangu waraka huu utakukuta mzima, pamoja na wifi na watoto. Kifua chako kimepoa? Sisi huku tunaendelea, kwa rehema za Mungu.

Mama hajambo, ila magoti ni yale yale. Alikuja kwa wiki mbili tu, kunifariji baada ya kumzika mume wangu, nawe wajua lifti ya jengo letu iliharibika siku ya nne. Ngazi mia mbili si za magoti yake. Basi hushinda dirishani akitazama maghorofa ya wenzetu, akisema watu wa mjini wamepangwa kama vyombo kabatini. Kila nikirudi kutoka kwa dobi ninakopiga pasi kutwa, huniuliza kama lifti imetengenezwa. Namjibu bado, Mama. Hunipa pole, hunipa maji, tunasali pamoja.

Jumatatu fundi wa lifti aligonga mlango, akauliza kama inatusumbua tena tangu aitengeneze miezi miwili iliyopita. Mama akamjibu haitusumbui hata kidogo, kwani hatuitumii, akamkaribisha chai. Mimi nilikuwa jikoni, sikuthubutu kutoka.

Ndivyo, kaka. Nilimdanganya Mama, na wewe nikakudanganya kwa barua. Nilikuwa naipanda hadi ghorofa ya kumi, namalizia ngazi mbio, nasimama mlangoni nikihema. Mimi huyu, ninayewahi ibada kuliko wote! Niliogopa kufungua mlango nikapokewa na kimya.

Fundi alipoondoka nikamwangukia Mama miguuni. Hakunigombeza. Aliniuliza mdomo alionizaa nao nimeuweka wapi, mbona sikumwambia tu kwamba naogopa kubaki peke yangu. Kisha akaomba nimshushe. Chini akavua viatu, akasimama kwenye kipande cha majani kando ya maegesho ya magari, akalia. Hata msibani kwangu Mama hakulia vile.

Anataka kurudi kwake kabla ya mvua. Kumpandisha basi mwenyewe siwezi. Najijua, nitatafuta sababu nyingine. Tafadhali njoo umchukue wewe. Na ukiweza, nisamehe.

Wasalimie wote hapo nyumbani, na Mungu awe nanyi. Nijibu upesi, kaka, uniambie utakuja siku gani.

Ni mimi mdogo wako,
Kitindamimba