Mstari wa Anaclet

Point, Durban, Juni 2012

Dada Henriette,

Salamu zako kutoka Uvira zilinifikia huku saluni. Mwanangu Cathy ameota meno mawili, anauma kila kitu.

Jumapili jumuiya yetu ya Wakongo wa jimbo zima ilichagua kwanza msimamizi wa kura, halafu rais. Kura yetu ni kusimama nyuma ya mtu unayemtaka, wote wakiona. Msimamizi peke yake hasimami, anahesabu tu.

Wakanichagua mimi, eti sijui uongo. Mume wangu Anaclet aligombea urais wa jumuiya, akashindwa kwa mtu mmoja.

Kwenye taksi akasema, "Eish, mama Cathy, wangekuacha tu, ungesimama nyuma yangu."

Anaamini walinisukuma. Dada, ile kazi niliiomba mwenyewe.

Mdogo wako,
Laetitia