Kichaka Kilichochanua Kiangazi

Mjukuu wangu Zamzam,

Hapa Ntinda hatujambo, mama yako amepona malaria. Umeuliza kama urudi nyumbani, kwani huko Dubai hujazoea.

Babu yako alipohamishiwa kituo cha polisi cha Moroto, kwenye nyika kame, nilimfuata; nilikaa miezi mitatu, nikafunga mizigo nirudi nyumbani. Asubuhi ya kuondoka nikaona nyikani kichaka kisicho na jani hata moja, kimejaa maua mekundu. Nikamuuliza jirani, mama Mkaramoja, mwenyeji wa kule, "Nani anakimwagilia?"

Akacheka. "Hakuna. Kila kiangazi kinachanua. Maji kimeyaweka shinani tangu mvua."

Hatukuwahi kuongea kabla ya siku ile. Nikamwomba anifundishe kusalimia kwa lugha yao, na basi likaondoka bila mimi. Tuliishi kule miaka sita.

Je, jirani yako anaitwa nani?

Bibi yako,
Hawa